Kabla ya treni, nionyeshe ratiba

Nikishajitambulisha kwamba kazi yangu ni kupanga reli, swali la kwanza Mombasa ni lile lile: mbona treni ya Nairobi inatuacha Miritini, nje ya kisiwa? Mara ya mwisho aliyeuliza alikuwa dereva wa tuktuk nje ya stesheni, huku akinisaidia kupakia mabegi. "Na ingefika mjini, mzee, ungepanda kwangu kweli?" Nilimwambia ningepanda, ila safari ingekuwa fupi.

Jibu la swali lake la kwanza limo ndani ya milimita. SGR, yaani reli mpya ya Nairobi iliyozinduliwa 2017, ina nafasi ya milimita 1,435 kati ya chuma na chuma. Reli ya zamani, iliyoanza kujengwa hapa hapa Mombasa mwaka 1896, ina milimita 1,000. Treni ya huku haikanyagi kule. Kuiingiza SGR kisiwani kungetaka daraja lake na ardhi yake, nasi tunajua kila shubiri ya kisiwa ina mwenyewe, na mara nyingine ina wenyewe wawili na kesi mahakamani. Ndiyo maana mpango wa kuunganisha Miritini na stesheni ya zamani ulishika reli ya mita, yaani hiyo hiyo ya zamani.

Wapo wanaoiona kama mtumba. Mimi naiona bahati. Mataruma hununuliwa, kokoto hununuliwa, mabehewa huagizwa. Njia iliyonyooka katikati ya watu wa Changamwe huipati tena kwa bei yoyote. Los Angeles, mji unaosifika kwa magari kuliko yote, ulikuwa na treni za umeme hadi Long Beach, ambako ndiko kwenye bandari. Ya mwisho ilisimama 1961. Mwaka 1990 treni ikarudi, kwa sehemu kubwa ikifuata njia ile ile ya zamani. (Hata sisi, kabla ya magari, tulikuwa na vigari vya kusukumwa na watu juu ya vyuma vyembamba, kutoka Kilindini hadi Mji wa Kale. Miaka ya 1920 vikaisha. Hapo hakuna aliyetunza njia.)

Kwa hiyo njia ipo. Kasoro yake ni kwamba ni reli moja tu ya kwenda na kurudi, na hapa ndipo hesabu inapouma.

Chukua kilomita 15, treni ikienda wastani wa kilomita 30 kwa saa pamoja na kusimama. Ni nusu saa kwenda, nusu saa kurudi, na dakika 10 kila mwisho za kushusha na kugeuza. Treni moja peke yake itakuletea safari kila baada ya dakika 80. Ukikosa ya saa moja asubuhi, kazini wameshakuandika hukufika. Ongeza treni ya pili bila mahali pa kupishana, na moja itakaa mwisho wa njia ikingoja mwenzake aingie. Weka mapishano katikati: sasa unaweza kupeleka treni kila nusu saa. Yaweke matatu, kwa nafasi sawa: kila robo saa, kwa treni sita. Mapishano ni mita mia chache tu za reli ya pili na swichi mbili za kuhamishia treni, wala hakuna mwanasiasa atakayekata utepe hapo. Lakini ndiyo yanayoamua kama una usafiri wa mji au una treni ya kutalii.

Basi mtu akiniletea mchoro wa stesheni yenye paa la vioo, namwomba kwanza ratiba. Ratiba ndiyo itakayosema mapishano yakae wapi, na mapishano ndiyo yatakayosema stesheni zikae wapi.

Robo saa nayo ina deni lake barabarani. Treni kila robo saa kwa pande zote mbili ni nane kwa saa. Kila barabara inayokata reli ikifungwa dakika mbili kwa kila treni, hizo ni dakika 16 katika kila saa ambapo matatu na malori ya bandari yamesimama. Matatu yenye watu 14 haina haki ya kuizuia treni yenye watu 500, lakini dereva wa lori haoni hivyo, na daraja la juu linafaa lijengwe kabla hajaanza kupenya chini ya kizuizi.

Likoni, ng'ambo ya kusini ya kisiwa, wananiuliza na wao je. Feri inachosha, kweli. Lakini meli za bandari ya Kilindini hupita pale pale, na daraja likiwa mita 60 juu ya maji, treni inayopanda mita 3 kwa kila mita 100 itahitaji kilomita 2 za kupandia kila upande. Upande wa kisiwani kilomita 2 hizo zinapita juu ya nyumba za watu.

Yule dereva alinishusha Mwembe Tayari. Nikamuuliza angefanya nini treni ikiwa kila baada ya dakika 80.

"Siwezi kuingoja hiyo, mzee. Nitaenda zangu Buxton."

"Na ikiwa kila robo saa?"

Akazima injini, akafikiri. "Hapo naegesha stesheni kutoka asubuhi. Ila mtuachie pa kuegesha."

Kwenye michoro mingi niliyoiona, hapo anapopataka yeye pamechorwa bustani.