Je, wajua aliyetunga sauti ya wimbo wetu wa taifa alikuwa mwalimu wa shule na mpiga picha?

Mtoto wa dada yangu yuko darasa la tano huku Igoma, kila asubuhi mstarini wanaimba Mungu Ibariki Afrika, sasa juzi karudi shule hata viatu hajavua ananiuliza mjomba, hivi aliyeutunga huu wimbo serikali ilimlipa shingapi? Nikamwambia mwanangu huyo mtu serikali yetu hakuiona kabisa, alifariki 1905, wakati huo hapa Mwanza bado pako chini ya Wajerumani na uhuru wa Tanganyika ulikuja 1961, yaani miaka 56 baadaye. Na kutunga nyimbo haikuwa hata ajira yake.

Anaitwa Enoch Mankayi Sontonga, Mxhosa, kazaliwa kama 1873 hivi kule Uitenhage, Afrika Kusini. Ualimu kasomea Lovedale, halafu akapelekwa kufundisha shule ya misheni ya Wamethodisti pale Nancefield, karibu na Johannesburg. Hapo ndo utamuelewa vizuri, maana darasani ni mwalimu, kwenye kwaya ni mwalimu wa kwaya, kanisani anahubiri japo si mchungaji, na pembeni ana kamera yake anapiga picha. Kamera za enzi hizo siyo hizi za simu, ni sanduku limewekwa juu ya miguu mitatu na watu mnaambiwa mtulie kimya. Mimi kwa mtu kama huyo sishangai kabisa, mwalimu wetu wa kwaya hapa hapa Igoma asubuhi unamkuta kibandani anapiga paspoti saizi na kutoa fotokopi, saa kumi na moja jioni yuko mbele yetu anatupigia sauti ya kwanza. Tena hizo kazi mbili zina undugu, kupanga watu kwa picha na kupanga kwaya ni jicho lile lile, warefu nyuma wafupi mbele na kila mtu amuone anayeongoza.

Sasa swali ni hili, mtu wa shuleni, hana orkesta wala pesa, aliwezaje kutunga kitu chenye sauti nne kikaenda mbali hivyo? Jibu kubwa ni solfa. Ukiwa mwanakwaya wa kanda ya ziwa hii huhitaji kuelezwa, ila kwa asiyejua, solfa ni kuandika muziki kwa herufi za kawaida, d r m f s l t, nukta mbili zinatenganisha mapigo na kistari kinarefusha sauti, basi. Ilienezwa Uingereza na mchungaji John Curwen karne ya 19 na wamisionari wakaja nayo Afrika, na uzuri wake haidai karatasi maalum wala piano, ubao na chaki vinatosha, au daftari la mistari la mtoto wa shule. Sontonga aliandika hivyo hivyo, kwenye daftari, nyimbo za kuimbwa na wanafunzi wake. 1897 ndo akaandika Nkosi Sikelel' iAfrika, ndo huu huu wetu ila kwa Kixhosa, ubeti wa kwanza na kiitikio, kama wimbo wa kanisani tu, na hadharani uliimbwa mara ya kwanza 1899 akiwekewa mikono mchungaji mmoja Mtsonga wa Methodisti, Boweni.

Baada ya hapo wimbo ukatembea kuliko mwenyewe. Walimu wa kwaya walikuwa wanamuomba nyimbo zake na yeye anawapa, na ukishakuwa na solfa unanakili mwenyewe kwa mkono unaondoka nayo. Kwaya ya shule ya Ohlange ya John Dube ikawa inauimba kwenye matamasha Johannesburg, na tarehe 8 Januari 1912 pale Bloemfontein, siku kinaanzishwa chama kilichokuja kuitwa ANC, ukaimbwa baada ya sala ya kufunga mkutano. 1923 mwandishi Sol Plaatje akaurekodi London. 1927 mshairi Samuel Mqhayi akaongeza beti saba. Sisi tukauchukua kwa maneno ya Kiswahili, Zambia nao wakaweka maneno yao juu ya sauti hiyo hiyo, Zimbabwe waliutumia hadi 1994, na Afrika Kusini wenyewe leo umo ndani ya wimbo wao wa taifa.

Kinachoniuma ni upande wa nyumbani kwake. Alikufa ana miaka kama 32 tu, akaacha mke, Diana, na mtoto mmoja wa kiume, na inaelezwa kwamba mjane alikuja kuuza haki za wimbo kwa peni sita. Peni sita ni nusu shilingi ya Kiingereza ya wakati huo, sumni jamani, kwa wimbo ambao nchi nzima inasimama wima ukipigwa!

Na kaburi likapotea. Miaka ya 90 serikali ya Afrika Kusini ilipoanza kulitafuta watu walikuwa wanapekua rejista kwa jina la Sontonga hawaoni kitu, kumbe makaburini Braamfontein, upande waliotengewa Wakristo weusi, aliandikwa chini ya jina la Enoch. Lilipopatikana likatangazwa kuwa kumbukumbu ya taifa, na tarehe 24 Septemba 1996 Mandela mwenyewe akaenda kuzindua mnara wake.

Nilipofika hapo binti akanyamaza, akatoa daftari la mazoezi kwenye begi, akaniambia nimtajie tena polepole aandike majina yote matatu ya Sontonga.