Kwa nini mwongozaji ameshika maikrofoni, si kamera?

Filamu ya hali halisi ya uangalizi haina msimulizi, mahojiano wala muziki wa kubandikwa. Watu wanazungumza wao kwa wao, kamera ikiwa pembeni. Frederick Wiseman wa Marekani, ambaye filamu yake ya kwanza ya aina hii ilitoka mwaka 1967, aliongoza kazi akiwa ameshika maikrofoni, na kamera akamwachia mwingine. Kwa nini?

Jicho lililo kwenye kamera huona kilicho ndani ya fremu tu. Mwenye maikrofoni anaona chumba kizima: nani anavuta pumzi ili ajibu, nani anaingia mlangoni. Anaelekeza maikrofoni huko, na mpiga picha anafuata bila kuambiwa neno.

Isitoshe, pasipo msimulizi, neno lililopotea limepotea. Picha ikitikisika mtazamaji atavumilia. Sentensi isiposikika, tukio zima hutupwa, maana mtu ukimwomba arudie, anachofanya ni kuigiza.

Maikrofoni ya kuelekeza ikae sentimita 50 hadi 80 kutoka mdomoni, ikitokea juu, nje kidogo tu ya fremu. Ukiwa mbali zaidi kwenye chumba chenye sakafu ya vigae, mwangwi humeza maneno. Kilele cha sauti kiachwe kwenye desibeli -12 hivi, yaani 12 chini ya kikomo cha kinasa sauti, ili anayepaza sauti ghafla asiipasue. Sauti iliyopasuka haina dawa. Maikrofoni ndogo za kubana nguoni zinasaidia, ila hukwaruzwa na nguo, na mvaaji akienda msalani bado anasikika. Zizime.

Adui mkubwa ni redio. Mazungumzo ya dakika 40 yatapunguzwa hadi 4, na wimbo uliokuwa ukipigwa nyuma yake utaruka kila penye mkato. Kuomba redio izimwe katikati ya mazungumzo ni kuharibu tukio lenyewe. Heri kuomba mapema, kabla watu hawajakaa. Wapo waongozaji wasiokubali hata hilo, na hao hulazimika kulitumia tukio bila kulikata.

Kabla ya kuondoka, rekodi sekunde 60 za mahali penyewe pasipo maneno: friji, feni, kuku wa jirani. Mhariri ataitandaza sauti hiyo chini ya mikato ili masikio yasishtuke. Mpiga picha naye achukue nyuso za wanaosikiliza, kila uso sekunde 10 au zaidi. Sentensi mbili zilizoachana kwa dakika 20 huunganishwa wakati mtazamaji anamwangalia msikilizaji. Bila nyuso hizo, saa 250 alizorekodi Wiseman katika Chuo Kikuu cha California, Berkeley, zisingeweza kuwa filamu ya saa 4 iliyotoka mwaka 2013.

Ujanja huu una ubishi wake. Anayetabasamu kwenye filamu huenda alitabasamia jambo jingine kabisa, ndiyo maana wahariri waangalifu huchukua uso kutoka kwenye mazungumzo yaleyale, hata kama ule wa siku nyingine unapendeza zaidi.