Mhariri wa Filamu za Hali Halisi ni Nani?

Mhariri wa filamu za hali halisi ni mtaalamu anayepokea picha na sauti zilizorekodiwa katika maisha ya watu wa kweli, akazichambua, akazikata na kuziunganisha mpaka zikawa filamu moja inayoeleweka. Mwenzake wa filamu za kubuni huanza kazi akiwa na mswada, na kila onyesho limepigwa kwa kuufuata. Mhariri wa hali halisi hukabidhiwa mahojiano na matukio ambayo hata mwongozaji hakujua yangeishia wapi, na kwa sababu hiyo sehemu kubwa ya hadithi hutungwa mezani pake. Filamu ya Kimarekani Hoop Dreams ya mwaka 1994, iliyofuatilia kwa miaka kadhaa maisha ya vijana wawili wacheza mpira wa kikapu, ilitokana na takribani saa 250 za picha, lakini mtazamaji huiona kwa muda usiotimia saa tatu. Iliteuliwa kuwania tuzo ya Oscar ya uhariri.

Kwanza hutazamwa kila kilichorekodiwa, mahojiano yakanakiliwa kwa maandishi na picha zikaorodheshwa. Kisha hutengenezwa mkato wa awali, yaani toleo la kwanza la filamu, ambao huwa mrefu kupita kiasi, na mhariri na mwongozaji huupunguza kwa miezi mingi. Mpangilio wa picha ukishakubaliwa, mafundi wa sauti na wa rangi huendelea na yao.

Ugumu wa kazi hii, kwa maoni yangu, hauko katika programu za kompyuta bali katika uadilifu. Mhariri anaweza kuunganisha vipande vya sentensi mbili alizosema mtu kwa nyakati tofauti, akampa kauli ambayo hakuitoa kamwe. Anaweza pia kuweka tabasamu la asubuhi baada ya habari ya msiba iliyotolewa jioni, na mtazamaji asitambue. Kufupisha ni lazima, na kubadili mfuatano wa matukio wakati mwingine kunakubalika, lakini aliyerekodiwa anapaswa kujitambua katika maneno yake, kwani yeye si mwigizaji na ataendelea kuishi na jina lake baada ya filamu kwisha.

Wengi huingia katika taaluma hii wakiwa wasaidizi, wakilinganisha sauti na picha na kutunza kumbukumbu, ndipo hupewa onyesho moja walikate wenyewe. Baadaye wengi hufanya kazi kwa mikataba, filamu moja baada ya nyingine, wakitegemea sifa walizojijengea kwa waongozaji. Majina yao hayajulikani sana na umma, jambo ambalo naliona si haki, ingawa wapo waliotambuliwa: Charlotte Zwerin, aliyehariri filamu za ndugu wawili Maysles nchini Marekani, aliandikwa pamoja nao kuwa mwongozaji wa Gimme Shelter ya mwaka 1970.