Armin Mueller-Stahl, mwigizaji asiyekimbilia neno

Kila ninapofika kwenye somo la kutulia mbele ya kamera, huwaonyesha wanafunzi wangu wa uigizaji mzee Mjerumani anayeendesha teksi New York ilhali gari lenyewe linamshinda. Ni katika filamu ya Jim Jarmusch, Night on Earth, ya mwaka 1991. Mzee huyo, Helmut, alikuwa mchekeshaji wa sarakasi huko Ujerumani Mashariki. Gari la gia otomatiki linashtukashtuka naye barabarani hadi abiria anaomba ashike usukani mwenyewe. Armin Mueller-Stahl, anayemcheza, hatupi hata ishara moja ya kuomba kicheko. Anamsikiliza yule abiria kwa makini, macho yanang'aa, kana kwamba kila neno la Kiingereza ni zawadi. Darasa zima hucheka, kisha nawaomba warudie kutazama wakiwa wamezima sauti.

Mtu huyu alianza na fidla. Alizaliwa Tilsit tarehe 17 Desemba 1930, mji uliokuwa Prussia Mashariki, sehemu ya Ujerumani ya wakati huo, na leo uko Urusi kwa jina la Sovetsk. Alisomea muziki Berlin kabla ya kuingia jukwaani. Waliokulia kwenye taarab watanielewa haraka: mpiga fidla hodari humwachia mwimbaji nafasi, anangoja, kisha anajibu. Mueller-Stahl anaigiza hivyohivyo. Mwenzake akimaliza sentensi, yeye haingii papo hapo, na katika ule muda mfupi unaona wazo likimpita usoni.

Ujerumani Mashariki alikuwa nyota. Alicheza katika Nackt unter Wölfen (1963), filamu ya wafungwa wa kambi ya mateso ya Wanazi ya Buchenwald wanaomficha mtoto. Kisha televisheni ikampeleka katika kila sebule kupitia Das unsichtbare Visier, tamthilia iliyoanza 1973, ambamo alikuwa jasusi wa Ujerumani Mashariki akifanya kazi kwa siri nje ya nchi. Serikali ilikuwa imepata shujaa mwenye sura ya kupendeza. Mwaka 1976 serikali hiyohiyo ilimvua uraia mwimbaji Wolf Biermann, na Mueller-Stahl akatia saini barua ya wasanii waliopinga. Kazi zikakauka. Kwa mwigizaji wa miaka arobaini na kitu, aliyezoea kupokea simu kila wiki, sijui adhabu iliyo kali kuliko ukimya huo. Mwaka 1980 alihamia Ujerumani Magharibi.

Huko mwongozaji Rainer Werner Fassbinder akampa nafasi katika Lola (1981): ofisa wa ujenzi, mwadilifu, mstaarabu, anayempenda mwanamke bila kujua anaimba kwenye danguro. Ule uadilifu aliucheza bila kumdharau mhusika, na hapo ndipo filamu inapouma.

Marekani ilikuja alipokaribia miaka 60, umri ambao wengi wetu tungeogopa kuanza kuigiza kwa lugha ngeni. Lafudhi yake hakuificha, aliwagawia wahusika. Katika Avalon (1990) ni babu mhamiaji wa Baltimore. Katika Music Box ya Costa-Gavras (1989) ni Mhungaria wa Chicago anayeshtakiwa kwa uhalifu wa kivita, na wakili wake ni bintiye. Jukumu hili nalifundisha kwa wiki nzima. Mwigizaji wa kawaida angeamua, "nina hatia," au "sina," kisha angepenyeza vidokezo. Yeye anacheza baba tu: anampenda mjukuu, anakasirika kwa aibu, anamtegemea binti. Kila tendo linasomeka kwa njia mbili, nasi tunabaki na mashaka yaleyale ya binti.

Baba mwingine ni yule wa Shine (1996), anayemkumbatia mwanawe mpiga piano huku akimfunga asiondoke. Upendo wake ni wa kweli, na ndio unaotisha. Jukumu hilo lilimpa uteuzi wa Oscar. Miaka 11 baadaye, katika Eastern Promises, David Cronenberg alimfanya mkuu wa genge la Kirusi jijini London, mwenye mgahawa, mpole, mkarimu wa chakula. Ninawaomba wanafunzi wahesabu ni mara ngapi anapaza sauti. Wanarudi na idadi ndogo sana.

Televisheni hakuiacha. Mwaka 2001 alikuwa mwandishi Thomas Mann katika Die Manns ya Heinrich Breloer, baba ambaye ubaridi wake unasikika hadi kwenye namna anavyokaa mezani.

Kwa anayetaka kujifunza peke yake, nina pendekezo moja. Kisa cha Jakob der Lügner, cha Myahudi anayewapa wenzake wa geto, mtaa walikofungiwa Wayahudi, habari za uongo ili wapate matumaini, kilipigwa filamu Ujerumani Mashariki katikati ya miaka ya 1970, na tena na Hollywood mwaka 1999, Robin Williams akiwa Jakob. Mueller-Stahl yumo katika zote mbili. Katika ile ya pili ni daktari Kirschbaum. Zitazame usiku mmoja, moja baada ya nyingine, na umfuate yeye peke yake, hasa wakati wengine wanapozungumza.