Je, wajua kwa nini miraa haingoji kesho?

Anayeendesha gari mara kwa mara kati ya Embu na Nairobi anaijua sheria isiyoandikwa: ukiona kwenye kioo Probox, gari dogo la mizigo la Toyota, inakuja nyuma yako taa zikiwaka mchana kweupe, sogea kando uipishe. Ndani hamna mgonjwa. Mna magunia ya miraa iliyochumwa asubuhi ile ile kwenye vilima vya Nyambene, kaunti ya Meru, huko Maua, Laare na Mutuati. Dereva ana zaidi ya kilomita 250 za kumaliza kabla wanunuzi wa Eastleigh hawajaanza kuulizana, au kabla ndege ya kwenda Somalia haijaruka kutoka uwanja wa Wilson.

Mbio hizo zimeua watu, na ukiuliza sababu utaambiwa ni biashara tu. Jibu hilo halitoshi. Kahawa ya Meru hukaa ghalani miezi, ikapanda meli, ikafika Ulaya, na bado inamnyima mtu usingizi. Tumbaku huzeeshwa makusudi. Chai hukaushwa, ikawekwa kwenye pakiti, na kafeini yake haiendi popote. Miraa ndiyo hupoteza thamani ndani ya siku mbili hivi, na kile kilichogombaniwa jana leo hakipati hata wa kukiuliza bei. Kinachoondoka ni kampaundi moja iitwayo kathinoni, na jina hilo lenyewe, kwa anayejua kulisoma, linaeleza kwa nini inaondoka.

Tuanze na ukoo wake. Mwaka 1819 mfamasia mmoja wa mji wa Halle, Ujerumani, Carl Friedrich Wilhelm Meissner, alitafuta neno moja la kujumlisha vitu vilivyokuwa vikitolewa kwenye mimea miaka hiyo: vyenye naitrojeni, vyenye tabia ya alikali, na ambavyo hata kwa kiasi kidogo humtikisa mnyama au mtu. Akatunga alkaloidi, yaani kinachofanana na alikali. Alikali nalo ni neno la Kiarabu, al-qali, lililohusu majivu ya mimea. Ikawa desturi majina ya kundi hilo kuishia na -ini: mofini ya afyuni, kwinini ya gome la sinkona, nikotini ya tumbaku. Wakemia wakali wa masharti watakwambia kathinoni si alkaloidi kamili, maana naitrojeni yake haimo ndani ya pete ya molekuli bali inaning'inia nje, mkiani. Wao huiita protoalkaloidi. Ugomvi huo tuwaachie wenyewe.

Sehemu ya kwanza ya jina, kathi, inatoka Yemen. Mwaka 1761 mfalme wa Denmark alituma msafara wa wataalamu kwenda Arabuni. Mtaalamu wa mimea alikuwa Peter Forsskål, mwanafunzi wa Linnaeus, Mswidi aliyeweka utaratibu wa kuipa mimea majina ya Kilatini. Huko Yemen aliona watu wakitafuna majani ya mti walioita qat, akauandika kwa Kilatini kuwa Catha. Hakurudi kwao: malaria ilimuua mjini Yarim Julai 1763. Wenzake nao walikufa mmoja baada ya mwingine, akabaki Carsten Niebuhr peke yake, na ndiye aliyechapisha maandishi ya marehemu mwaka 1775. Leo mti huo unaitwa Catha edulis, yaani catha inayolika. Ni miraa kwa Wakenya, mirungi kwa Watanzania na watu wengi wa pwani, mairungi Uganda, na vijana wana yao: veve, jaba, gomba.

Sasa msako wenyewe. Mwaka 1887 wakemia Flückiger na Gerock walipata alkaloidi ndani ya majani hayo. Mwaka 1930 Wolfes akaitambua kampaundi iliyoitwa kathini, na kwa miaka mingi ikaaminika kwamba hiyo ndiyo inayofanya kazi. Lakini hesabu haikukaa sawa. Kathini ikijaribiwa peke yake ilikuwa dhaifu, haikufikia yale ambayo watafunaji walisimulia. Kosa lilikuwa kwenye mali ghafi: majani yaliyofika maabara za Ulaya yalikuwa yamesafiri kwa wiki kadhaa, yamekauka. Mzee yeyote wa Igembe, sehemu ya Meru inakolimwa miraa, angewaambia kwamba walikuwa wakichunguza takataka. Mwaka 1975 ndipo maabara ya Umoja wa Mataifa ya dawa za kulevya ilipofanyia kazi miraa mbichi na kukuta kampaundi nyingine, yenye nguvu zaidi, ambayo kwenye majani makavu ilikuwa imekwisha kutoweka. Ikapewa jina la kathinoni.

Hapa ndipo penye utamu wa jambo. Kathini na kathinoni ni karibu mapacha. Molekuli ya kathini ina kaboni 9, haidrojeni 13, naitrojeni 1 na oksijeni 1. Ya kathinoni ni hivyo hivyo, ila haidrojeni ni 11. Tofauti ni haidrojeni mbili tu. Kwa kuzikosa hizo, oksijeni ya kathinoni imeshikana na kaboni kwa mikono miwili badala ya mmoja, na muundo huo wakemia huuita ketoni. Ndiyo maana jina linaishia na -oni, kama asetoni ya kufutia rangi ya kucha. Ketoni ikikaa jirani ya naitrojeni kama ilivyo kwenye kathinoni, molekuli haitulii. Ama itapokea haidrojeni zile mbili igeuke kathini, ama molekuli mbili za kathinoni zitaungana zenyewe kwa zenyewe, na stimu iishe.

Mti wenyewe ndio unaoharakisha mambo. Huanza na fenilalanini, asidi amino ya kawaida ambayo hata sisi tunaila kwenye maharage na nyama, na kuigeuza hatua kwa hatua hadi ipatikane kathinoni. Hatua ya mwisho ni ya kimeng'enya, yaani protini inayoharakisha mabadiliko ya kikemia, kinachoiongezea haidrojeni na kutoa kathini pamoja na ndugu yake norefedrini. Kwenye machipukizi machanga kazi hiyo ya mwisho haijafika mbali, kwa hiyo kathinoni imejaa. Kwenye jani lililokomaa imekwisha. Mnunuzi mzoefu hajui habari za vimeng'enya, lakini mkono wake unajua: hufungua kifurushi, huangalia wekundu wa ncha, huvunja kijiti kimoja asikie kama kinakatika vizuri au kinajikunja, na kama kimelegea anakirudisha bila maneno.

Tatizo ni kwamba kukata tawi hakusimamishi kazi. Jani lililochumwa bado lina maji, bado lina vimeng'enya, nalo linaendelea kama jiko la arusi ambalo mpishi hajaambiwa kuwa shughuli imeahirishwa. Joto likipanda, kazi inakwenda mbio zaidi. Kwa hiyo wachumaji huanza mapema kabla jua halijakali, vijiti vikafungwa kwa kamba za mgomba kuwa “kilo” (ambayo haina uhusiano wowote na mizani), kisha vikavingirishwa kwa majani mabichi ya mgomba. Jani la mgomba halipitishi unyevu kwa urahisi, linabaki na ubaridi wake, na linapatikana bure shambani. Hakuna aliyewafundisha Wameru kemia ya ketoni. Waliona tu kwamba miraa iliyonyauka haina kitu, wakatafuta namna ya kuichelewesha kunyauka.

Kwa nini basi haidrojeni mbili zibadilishe nguvu kiasi hicho? Damu ikifika kwenye ubongo hukutana na ukuta wa seli zenye mafuta, na si kila kitu kinaruhusiwa kupita. Kathini, kwa jinsi oksijeni yake ilivyoshikana na haidrojeni, inapenda maji, na mafutani inapita kwa shida. Kathinoni inapita vizuri zaidi. Ikishaingia, huzifanya neva zimwage dopamini na noradrenalini, kemikali ambazo neva hupashana habari kwazo, na hapo mtu huchangamka, akaongea sana, njaa ikakimbia, usingizi ukapotea. Amfetamini hufanya kazi kwa njia hiyo hiyo, na si bahati nasibu: ukiiondoa ile oksijeni kwenye kathinoni, na mahali pake ukaweka haidrojeni mbili, unabaki na amfetamini yenyewe. Kathinoni ina nguvu pungufu, na kutafuna kunaichelewesha zaidi. Mlaji humenya gome laini kwa meno, akalisukuma shavuni, akaongeza bigijii (ubani wa kutafuna) au karanga ili kuvunja ukakasi, akaendelea hivyo kwa saa nyingi. Nyingi ya dawa hiyo hufyonzwa na ngozi ya ndani ya mdomo wakati bonge likiwa bado shavuni.

Madhara yapo, na anayesema ni “mboga tu” anafanya mzaha. Mapigo ya moyo na shinikizo la damu hupanda. Kuna waliopatwa na mshtuko wa moyo na kuna waliochanganyikiwa akili, hasa wanaokula mchana na usiku. Tanini ile ile inayoleta ukakasi hufunga choo. Pesa ya sukari na unga nayo huishia shavuni, na hilo wake za walaji watakueleza vizuri kuliko daktari. Upande wa pili, haki ni haki: kemia hiyo hiyo imezaa bupropioni, dawa ya ukoo wa kathinoni inayotumika kutibu sonona na kuwasaidia watu waache sigara. Pia imezaa kathinoni za kutengenezwa maabara, kama mefedroni, zinazouzwa kwa unga mitaani Ulaya na Marekani. Hizo hazina uvumilivu wa kutafuna: mtu anaingiza kwa dakika chache kiasi ambacho jani lingemchukua jioni nzima.

Kwa sheria, jina la kisayansi limeleta mambo ya kuchekesha. Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa 1971 unaiweka kathinoni katika orodha ya kwanza, yenye vikwazo vikali kabisa, na kathini katika orodha ya tatu. Mti wenyewe haumo. Kila nchi basi imejiamulia. Kenya inautambua kama zao la biashara, ingawa mwaka 2024 kaunti za Mombasa, Kilifi na Taita Taveta zilijaribu kuipiga marufuku muguka, aina ya majani kutoka Embu, na mambo yakaishia mahakamani. Vuka mpaka wa Namanga na kijiti kile kile, nawe ni mhalifu wa dawa za kulevya: Tanzania mirungi ni marufuku. Uingereza iliiruhusu hadi Juni 2014, na siku ilipoipiga marufuku, soko la Igembe lilitikisika.

Marekani ndiyo iliyoifuata kemia hadi mwisho. Huko, majani yenye kathinoni huhesabiwa katika daraja la kwanza, pamoja na heroini. Kathinoni ikiisha na kubaki kathini peke yake, mzigo huo huo unashuka hadi daraja la nne. Kwa maneno mengine, uzito wa kosa unategemea majani yana umri gani. Polisi wanalijua hilo, hivyo wakikamata kifurushi hawakiachi juu ya meza: hukiwahisha kwenye friza, kwa sababu baridi kali huvisimamisha vile vimeng'enya. Kukausha haraka nako husaidia kubakisha sehemu ya kathinoni, na wasafirishaji wamejifunza. Siku hizi mizigo ya majani makavu hukamatwa kwenye posta na viwanja vya ndege ikiwa imeandikwa chai ya kijani.