Mvumo haukuzwi kwenye kiriba

Wateja wengi wanaofika kwenye vitalu vya miti hapa Moshi huomba mche wa mvumo ulio tayari kwenye kiriba, yaani mfuko wa plastiki wa kuoteshea miche, ili waupande kando ya lango kama mti mwingine wowote wa mapambo. Kwa mti huu mimi hushauri kinyume: tafuta mbegu, si mche.

Mvumo, ambao wanabotania huuita Borassus aethiopum, ni mti wa Afrika ya kitropiki unaopenda kingo za mito na mabonde yanayofurika. Kwetu Tanzania unaonekana sana katika bonde la Rufiji. Hufikia mita 20 na zaidi, majani yake yana umbo la upepeo, na shina la mti uliokomaa huvimba juu kidogo ya katikati kisha hupungua tena.

Tatizo la kiriba linaanzia ardhini. Mbegu ya mvumo inapoota haichipui pale ilipolala, bali hutoa kwanza mrija mnene unaoshuka wima, mara nyingi kwa nusu mita hivi, ukiteremsha kiini cha mche hadi chini, na huko ndiko mizizi inakoshika na chipukizi kuanza kupanda juu. Kwa hiyo jani la kwanza linapoonekana, mche umekwisha kujikita mahali ambapo moto wa nyasi wa kiangazi haufiki. Kiriba cha kawaida hakina kina hicho. Mrija hujikunja chini, au hutoboa plastiki ukazama kitaluni, na siku ya kuhamisha mche hukatwa pamoja na uhai wake. (Muuzaji, bila shaka, amekwisha kulipwa.)

Chimbua basi udongo kwa kina palepale unapotaka mti usimame, uoshe nyama ya tunda, ufukie kokwa mbichi. Tunda moja kwa kawaida huwa na kokwa tatu. Zipande zote kwa nafasi, maana miti dume na jike ni tofauti, na jinsia haijulikani hadi mti utoe maua, jambo linalochukua miaka mingi.

Usikate kilele kamwe, hata kwa kugema, kwa kuwa mvumo una ncha moja tu ya kukulia. Asiyeweza kusubiri apande mkindu, ambao nao hupenda maji, lakini huchipua mashina mengi kutoka shinani, hivyo kupoteza moja hakuuui.