Je, wajua kwa nini Beast Wars ya Kijapani ina maneno mengi kuliko ya Kiingereza?

Tazama katuni ya Beast Wars kwa Kiingereza, kisha uitazame kwa Kijapani. Picha ni zilezile, lakini mhusika akigeuka na mdomo wake usionekane, mwigizaji wa sauti wa Kijapani bado anaongea: anatania, analalamika, anajijibu mwenyewe. Maneno hayo hayamo kabisa katika toleo la awali.

Katuni hii ya maroboti yanayojigeuza wanyama ilianza kurushwa Marekani mwaka 1996, ikafika kituo cha televisheni cha Japani, TV Tokyo, Oktoba 1997. Kwa Kiingereza ni hadithi nzito, yenye usaliti na vifo. Mwongozaji wa sauti za Kijapani, Yoshikazu Iwanami, aliwaachia waigizaji wake nafasi ya kuchekesha watoto.

Nafasi hiyo inatokana na mdomo. Katuni za Marekani hurekodiwa sauti kwanza, midomo ikachorwa kuifuata. Muziki na milio hutunzwa mbali na maneno, kwa hiyo Kiingereza kinaondolewa na mlipuko unabaki palepale. Mtafsiri anapima mdomo unafunguka lini na kufungwa lini, kisha anatafuta sentensi ya Kijapani inayoingia humo. Kazi hiyo inabana kwelikweli. Ila roboti likisimama mbali au likitoa kisogo, hakuna cha kufuata, na muda wote huo ni wa mwigizaji.

Halafu kuna studio yenyewe. Kwa desturi ya Japani, waigizaji wanasimama chumba kimoja na kupokezana maikrofoni chache, mswada mkononi, kurasa zikifunuliwa polepole zisisikike, sauti ya Kiingereza ikiingia sikioni. Shigeru Chiba, aliyekuwa sauti ya Megatron, kiongozi wa maroboti wabaya, akitupa neno, Takehito Koyasu yupo hapohapo kulidaka. Koyasu alimwigiza kiongozi wa maroboti wema, ambaye Wamarekani wanamwita Optimus Primal. Wajapani wanamwita Convoy, jina walilokuwa wameshampa Optimus Prime, shujaa wa Transformers, katuni iliyozaa Beast Wars, tangu ilipofika kwao mwaka 1985.

Wepesi huu una historia. Anime, yaani katuni za Kijapani, nyingi huingizwa sauti baada ya picha, hivyo kuufuata mdomo ni kazi yao ya kila siku. Na mwaka 1955, katuni ya Superman ilipoonyeshwa kwenye televisheni ya Japani, sauti ziliingizwa moja kwa moja hewani, bila nafasi ya kurudia. Kampuni kubwa za filamu zilikuwa zikiwazuia nyota wao kutokea kwenye televisheni, kwa hiyo kazi za sauti ziliangukia watu wa jukwaani na wa redioni, waliozoea kusema mbele ya hadhira.

Wapo mashabiki wanaolalamika kwamba utani umeua uzito wa hadithi, na katika matukio ya huzuni nakubaliana nao. Lakini kwa mtoto wa Tokyo aliyewasha televisheni jioni, Megatron wa Chiba alikuwa mtu kamili, mwenye kiburi na vituko vyake. Sehemu zilizofuata ziliporushwa mwaka 1999 kwa jina la Beast Wars Metals, Chiba na Koyasu walirudi, na utani ukazidi.